HAKIMU NA DAMU YAKE

Ndugu msomaji, mwaka 1919 ilitoka sinema ya Denmark isiyokuwa na sauti, iitwayo Præsidenten, ya kwanza kutengenezwa na Carl Theodor Dreyer. Kisa chake chatufaa kukizingatia.

Hakimu mkuu wa mji, mtu wa nasaba na heshima, aliletewa kesi ya mwanamke aliyeshitakiwa kumuua mtoto wake mchanga. Kumbe mshitakiwa ni binti yake mwenyewe, aliyezaliwa nje ya ndoa na mwanamke aliyemwacha kwa kuwa hakuwa wa tabaka lake. Baba yake hakimu alikuwa amemwapisha asioe mtu wa chini.

Hakimu alijiuzulu kesi ile, na hapo alifanya vyema. Wanavyuoni wetu walio wengi wamesema hukumu ya kadhi kwa faida ya mwanawe haipiti. Lakini binti alipohukumiwa kifo, baba alimtorosha gerezani kwa siri.

Wako watakaosema hiyo ni huruma. Na tujiulize: binti wa maskini, asiye na baba hakimu, angetoroshwa na nani? Mtume (S.A.W.) alipoombwa amwachilie mwizi wa kike wa ukoo mkubwa, alikataa, akabainisha kuwa hata binti yake Fatima asingependelewa.

Hata hivyo, dhuluma haikuanza mahakamani. Ilianza siku ya kile kiapo. Katika Suratun Nisaa, aya ya 135, Mwenyezi Mungu ametuamrisha tusimamishe uadilifu ijapokuwa ni juu ya nafsi zetu, au wazazi, au jamaa. Tazama, nafsi imetangulia. Na Mtume (S.A.W.) ametufunza kuwa aliyeapa, kisha akaona lililo bora kuliko kiapo chake, alitende lililo bora na atoe kafara. Lau angemuoa yule mama, binti angelikuwa na nyumba na jina.

Mwishowe hakimu alikwenda kuungama. Mwenziwe aliyeshika kiti chake akakataa kumsikiliza, kwa kuchelea aibu ya mahakama. Akajiua, na hilo katika dini yetu ni haramu, kwani mlango wa toba haufungwi na mwanadamu.

Nasi je? Ni wangapi wamezuia ndoa ya halali kwa kisingizio cha ukoo, kisha wakashangaa watoto kuharibika? Hukumu ngumu ya mzee mara nyingi ni deni la ujana wake.

Mwenyezi Mungu atujaalie kujihukumu kabla ya kuhukumiwa. Amin.