Hodi ya Macho

Katika Suratin-Nur, aya ya 27, Mwenyezi Mungu ametukataza kuingia nyumba zisizo zetu ila kwa idhini na salamu. Na katika hadithi aliyoipokea Bukhari kwa Sahl bin Saad, Mtume (S.A.W.) alimkemea mtu aliyemchungulia kwa tundu ya mlango, akamjulisha kuwa idhini imewekwa kwa sababu ya jicho. Basi hodi si ya miguu tu.

Ndugu zetu, kwa hodi ya mlangoni hatujambo. Lakini nyumba ile ile ambayo mlango wake walindwa hivyo, ndani mna simu isiyo na bawabu.

Mwenzetu mmoja wa darsa alimnunulia mamake simu, na kwa kumwondolea taabu akaifungua kwa akaunti yake yeye mwana. Siku ya kupamba, mama akapiga picha za bibi arusi na wenziwe, vichwa wazi, kama wakaavyo wanawake walipo peke yao. Hakumpelekea mtu hata moja. Asubuhi yake mwana yuko dukani, afungua simu amwonyeshe mteja vitambaa, na picha iliyotangulia ni ya binti ya jirani.

Mama hakukusudia, wala mwana. Binti ameonekana.

Simu nyingi hunakili picha zenyewe na kuziweka katika hazina ya akaunti huko intaneti, na kila chombo kilichofunguliwa kwa akaunti hiyo huzipata. Basi kila mtu awe na akaunti yake, na asiyetaka nakala azizime katika mipangilio ya programu ya picha. Wala asidhani kufuta mara moja kwatosha: katika Google Photos, picha iliyokwisha nakiliwa hukaa katika pipa la taka siku 60, ila mwenyewe alimwage. Na picha zipokewazo kwa WhatsApp, katika simu za Android, huingia pamoja na picha nyinginezo za mpokeaji asipozizuia. Ukimtumia dada yako mwaminifu, huenda umeitumia na akaunti yake, na huijui yafunguliwa na nani.

Wako watakaotujibu kuwa picha zote ni haramu, mas-ala yamekwisha. Khitilafu ya maulamaa twaijua. Na simu za wasemao hayo tumeziona zilivyojaa.

Mwenzetu alituuliza afanyeje, naye aona haya kumkabili jirani. Tulimwambia kuwa hii ni haki ya mja, na haki ya mja husamehewa na mwenyewe. Amwombe mteja asitiri alichokiona, na mama aende kwa yule binti amweleze yote. Alikwenda Alhamisi baada ya Alasiri. Picha zikafutwa mbele ya binti: simuni, katika akaunti, na katika pipa. Binti alilia, kisha akasamehe, akataka kujua kama katika arusi ile walikuwako wengine waliopiga.