Kuni za Msafiri Aliyechwewa

Liko neno lisemwalo na Wakristo wengine, nalo laonekana kuwa neno la imani: kwamba mtu amtumainiye Mungu hana haja ya kujiweka tayari kwa hatari, maana kufanya hivyo ni kuyaita mabaya. Twapenda kulipima neno hili kwa jambo lijulikanalo na wote, yaani moto wa msafiri aliyechwewa porini.

Moto huo hauanzi kwa kiberiti. Huanza jua lingali juu, msafiri asimamapo na kukiri moyoni, "Leo pengine sitafika." Hilo ndilo gumu kupita yote. Kiburi humwambia kwamba kijiji ki karibu, nyuma ya kilima kile. Naye huendelea mpaka giza limkute mikono mitupu. Lakini aliyekubali kusimama hupata nafasi ya kuchagua mahali pasipo upepo mwingi, na kukwangua majani mpaka udongo uonekane, ili moto usikimbilie nyika. Hukusanya nyasi kavu, kisha vijiti vyembamba kama mabua, kisha kuni nene kama mkono. Wakati wa mvua huvunja matawi yaliyokufa yangali mtini, maana yaliyolala chini yamekunywa maji. Akiisha kudhani kuni zatosha, huongeza nyingine. Kwani usiku ni mrefu, na mtu aliyelowa aweza kufa kwa baridi hata katika nchi isiyo na barafu.

Wahadza, wakaao kando ya Ziwa Eyasi katika Tanzania, wajua kupekecha moto: ulindi, kijiti kizungushwacho kwa viganja, huwekwa juu ya uwimbombo, kipande cha mti chenye kitundu. Ustadi huo haupatikani usiku wa haja; sharti mikono iwe imezoea zamani. Vivyo hivyo mwenye kiberiti hukifunga katika kikopo kikavu kabla ya mvua, si baada yake. Je, huku ni kumshuku Mungu?

Na tumtazame Mtume Paulo, kama isimuliwavyo katika Matendo ya Mitume, sura ya 27 na 28. Malaika alikuwa amemwambia kwamba katika watu wote waliomo merikebuni, nao walikuwa 276, hatapotea hata mmoja. Merikebu ikavunjika, wote wakafika salama pwani ya Malta. Wenyeji wakawasha moto kwa sababu ya mvua na baridi. Basi Paulo, ambaye ahadi yake ilikuwa imetimia mbele ya macho yake, hakuketi na kungoja kupashwa moto. Alikwenda akaokota kuni kwa mikono yake mwenyewe, akaziweka motoni, hata nyoka akamshika mkono. Imani haikumzuia kuokota kuni.

Twakubali kwamba iko hofu iliyo dhambi, nayo ni ya mtu akusanyaye pasipo kikomo, kisha asimkaribishe mwingine motoni pake. Lakini hofu hiyo haijulikani kwa wingi wa kuni. Hujulikana mgeni aliyelowa atokeapo gizani. Wenyeji wa Malta waliwapokea wote, wafungwa na askari pamoja.

Tena tumfikiri yule aliyekataa kuandaa kwa jina la imani. Usiku ukiingia, naye husikia baridi kama wengine, akaenda kuota moto wa jirani. Hatusemi afukuzwe, twasema asiuite uvivu wake kumtumaini Mungu, hali kuni anazoziota ziliokotwa na mwingine aliyechoka kama yeye. Wazee walisema, kinga na kinga ndipo moto uwakapo.

Basi iwe ni kuni, au chakula cha miezi ya njaa, au fedha kidogo kwa ajili ya ugonjwa, tuandae mchana tungali twaona, na tuandae kwa kadiri ya kumtosha na mwingine. Kisha tulale, tukimwachia Mungu usiku.