WAZO LA LEO: Ubia wa Ziwa

Asubuhi mwaloni Kibirizi, kando ya Ziwa Tanganyika. Akina mama wanatandaza dagaa, vidole vinachambua haraka kabla jua halijakaza. Pembeni, mzee mwenye wavu mapajani anarudia la babu yake: mbalamwezi ikiwa kali, mtumbwi upumzike. Taa haivuti dagaa usiku wa namna hiyo, na ziwa nalo hupata kupumua.

Edmund Burke, mwanafikra wa siasa mzaliwa wa Dublin aliyefariki mwaka 1797, angemwelewa. Katika kitabu chake cha mwaka 1790 kuhusu Mapinduzi ya Ufaransa, aliiona jamii kuwa ubia wa waliokufa, walio hai na ambao hawajazaliwa. Wengi humwita adui wa mabadiliko. Hawamtendei haki. Aliwatetea walowezi wa Marekani katika malalamiko yao dhidi ya Uingereza, na kwa miaka mingi alimwandama Warren Hastings, mtawala wa Kiingereza, kwa maonevu ya India. Alichokichukia ni pupa ya kubomoa kilichojengwa taratibu.

Tarehe 15 Mei 2024 Tanzania ilisimamisha uvuvi Ziwa Tanganyika hadi 15 Agosti, samaki wazaliane. Kwa mtazamo huo wa ubia, naamini ilikuwa sahihi. Lakini kwa nyumba inayokula kwa mtumbwi, miezi 3 ni mirefu mno, na walio hai nao ni wabia: wanastahili kuulizwa mapema, na kusaidiwa.

Mjukuu wa mzee ameketi karibu, anashika uzi. Anajifunza kushona wavu.