Mikono Inayotupikia

Huko Kyoto nililipa pesa nzuri ili mama mmoja anifundishe kupika jikoni kwake. Tuliloweka kombu, mwani mkavu wa baharini, tukaupasha moto polepole na kuutoa kabla maji hayajachemka. Tukatia katsuobushi, samaki mkavu aliyeparuzwa mwembamba kama karatasi, kisha tukachuja. Hiyo ndiyo dashi, supu inayobeba vyakula vingi vya Kijapani. Mabaki hayakutupwa, aliyakatakata, akayapika kwa mchuzi wa soya, yakawa kitoweo cha wali.

Nilikodolea macho mikono yake. Nikauliza kila kitu: mbona hivi, mbona si vile?

Kabla ya kula tulisema "itadakimasu", yaani napokea kwa unyenyekevu. Hapo nikaona aibu. Nyumbani Nairobi, dada aliyetufanyia kazi miaka sita alipika chapati laini ajabu, na sikuwahi hata siku moja kusimama kando yake nimuulize anakandaje unga. Wote wawili walilipwa. Mbona mmoja nilimwita mwalimu na mwingine nikamwita tu chakula kikichelewa?

Sijutii pesa ya Kyoto. Ujuzi una bei. Lakini ujuzi wa yule dada niliula kila siku bila kuuona, kwa sababu haukunigharimu tiketi ya ndege.

Niliporudi nilimpigia simu, nikamwomba anifundishe chapati, kwa bei ileile niliyolipa kule. Alicheka, kisha akanyamaza kidogo.

"Sasa ndio unauliza?"