Singeli na Mawe ya Usiku

Tumezoea kuwakemea vijana kwa yale yanayotuudhi: nywele za rangi, suruali za mlegezo, singeli itokayo Dar es Salaam na kuvuma katika kila bodaboda. Hata mimi nimeyakemea mimbarini, nakiri. Ni kazi nyepesi mno.

Lakini twende Kerende, wilayani Tarime, kando ya mgodi wa dhahabu wa North Mara ulioanza kazi mwaka 2002. Huko wako vijana waitwao «intruda», ambao huingia mgodini kwa siri, mara nyingi usiku, wakaokote mawe yenye dhahabu. (Wengine wao baba zao walichimba hapo hapo kabla mgodi haujaja, tusilisahau hilo.) Mwezi Mei 2011 polisi waliwafyatulia risasi watu walioingia mgodini, wakafa wasiopungua watano.

Na nyumbani je? Kijana akileta simu mpya, baba huuliza bei tu. Akileta unga na sukari, mama hushukuru, wala hapana aulizaye fedha imetoka wapi.

Basi Jumamosi hii, kabla ya kumhimiza mwana aende kuungama, baba naye aulize chai aliyokunywa asubuhi ilitiwa sukari ya nani.