Nyasi Zilizoinama

Kijana huyu sitamtaja jina. Mama yake na mimi tunanunua mboga kwa muuzaji mmoja, na tukio lenyewe silisimulii ili kumchafua. Nalisimulia kwa sababu sehemu yake mbaya zaidi ni yangu.

Alikuja Jumamosi moja baada ya masika, madimbwi yakiwa bado hayajakauka pembeni mwa uwanja wetu hapa Dar es Salaam. Alikuwa winga wa ndondo, winga wa aina ile ambaye mashabiki huanza kusimama kabla mpira haujamfikia. Timu yake ya mtaani ilikuwa imetolewa mapema, na rafiki yake aliyekuwa akifanya mazoezi nasi akamleta.

"Shikamoo, kocha. Nimesikia mnarusha sahani."

"Marahaba. Inaitwa diski. Karibu."

Nikamweleza mchezo kwa dakika tano, kama ninavyowaeleza wote. Wachezaji 7 kila upande, kwetu wanaume na wanawake pamoja. Uwanja wa mita 100 kwa 37, na kila mwisho kuna eneo la mita 18. Ukidakia diski ndani ya eneo unaloshambulia, umepata pointi. Mwenye diski hakimbii nayo. Anasimama, mguu mmoja umekita chini, mwingine unazunguka kutafuta nafasi, na anayemkaba anamhesabia kwa sauti. Hesabu ikifika 10 kabla hajarusha, diski si yake tena. Ikianguka chini, wanaichukua wapinzani. Kusukumana hakuna. Refa hakuna.

Yote aliyashika mara moja, isipokuwa hilo la mwisho.

"Sasa faulo anapuliza nani?"

"Hakuna anayepuliza. Unasema mwenyewe."

Alicheka kwa adabu, kama mtu aliyeambiwa kwamba kuna duka lisilo na mwenyewe. Hapo ndipo nilipopaswa kuliweka begi chini, nimkalishe, tulimalize suala hilo. Badala yake nilikuwa nikitazama miguu yake.

Anayeanza mchezo huu huanza kwa kudaka. Viganja viwili, kimoja juu, kimoja chini, vinafumba kama mdomo wa mamba. Kisha anajifunza mrusho wa nyuma: gumba juu ya diski, vidole vinne vimekunjwa ukingoni, bega limeelekea kwa mpokeaji. Watu wengi hudhani nguvu inatoka begani. Inatoka kwenye kiwiko na kifundo cha mkono, kinachofyatuka mwishoni kama mtu anayekung'uta maji ya vidole, na mfyatuko huo ndio unaoizungusha diski. Isipozunguka haina uhai. Upepo wa baharini unaipindua kabla haijafika mita 10. Baada ya hapo unakuja mrusho wa mbele, vidole viwili ndani ya ukingo, kiwiko karibu na mbavu. Huu ndio unaowakatisha watu tamaa. Kwa wiki kadhaa diski inatetemeka hewani kama kifuniko cha sufuria inayochemka, inaangukia popote. Dawa yake ni moja: watu wawili, hatua kumi, pasi mia kila jioni, bila mbio na bila mashabiki. Nimewafundisha wengi, na sijaona njia nyingine.

Yeye alirusha kwa dakika kumi. Alipoona diski inaishia vichakani, akaomba mechi. Nikamruhusu.

Sijawahi kuona mtu akikimbia vile kwenye uwanja wetu. Diski zilizorushwa mbali, zile tulizozoea kuzisindikiza kwa macho tu, yeye alizifikia. Wenzake walikuwa wakipiga kelele za furaha. Mimi nilikuwa na miaka minne ya kupoteza mechi kwa pointi moja au mbili, na nikaona dawa imekuja yenyewe, imevaa njumu.

Kuanzia siku ile tukaujenga mchezo kumzunguka asihitaji kurusha. Anakimbilia eneo la mwisho, anadaka, pointi. Akidakia katikati, mtu anamjia karibu apokee pasi ya mita tatu. Aliporuka bila kutazama nani yuko chini yake, nikamwambia "pole pole" na kuendelea, ingawa kanuni zinakataza kabisa mchezo wa hatari, na goti la mtu likiharibika halirudi lilivyokuwa. Kijitabu cha kanuni kilikuwa ndani ya begi langu wakati wote huo. Nilimwambia atazijua akicheza. Mama yangu alikuwa akituambia tukiwa wadogo kwamba mbio za sakafuni huishia ukingoni. Nililikumbuka neno hilo mara moja au mbili jioni zile, nikalipuuza.

Hapa niseme jambo kuhusu kukosekana kwa refa, maana hata watu wazima hudhani ni umaskini wa mchezo mchanga. Mchezo huu, ambao jina lake rasmi ni ultimate tu, bila neno Frisbee, kwa kuwa hilo ni alama ya biashara ya kampuni ya Wham-O, ulianzishwa mwaka 1968 na wanafunzi wa Columbia High School huko Maplewood, New Jersey. Mmoja wao, Joel Silver, alikuja kuwa mtayarishaji wa filamu, The Matrix ikiwamo. Walicheza kwenye maegesho ya magari ya shule, usiku, chini ya taa. Tarehe 6 Novemba 1972 vyuo vya Rutgers na Princeton vilikutana katika mechi ya kwanza ya vyuo, Rutgers wakashinda 29 kwa 27. Tangu wakati huo mchezo umesambaa duniani, na mwaka 2015 shirikisho lake la kimataifa, WFDF, likapata utambuzi kamili wa Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki. Na bado, hadi kwenye ubingwa wa dunia, wachezaji wenyewe ndio wanaoita faulo zao. Pembeni wanaweza kuwapo washauri wa mchezo. Wanaeleza kanuni, wanasema walichoona wakiulizwa, hawaamui. Ligi ya kulipwa iliyoanza Marekani mwaka 2012 iliweka marefa, lakini hata huko mchezaji anaruhusiwa kuukataa uamuzi uliompendelea akijua si wa haki. Kwa hiyo refa hakusahauliwa. Nafasi yake ilipewa mchezaji kwa makusudi, na anayejifunza mchezo bila kujifunza kuikalia nafasi hiyo amejifunza nusu.

Sasa nirudi kwenye tukio lenyewe. Mechi ilikuwa dhidi ya timu ya wageni kutoka mkoani. Mshindi ni wa kwanza kufikisha 15, nasi tulikuwa 14 kwa 14. Jua linazama, upepo unatoka baharini. Mrushaji wetu, binti anayesomea uuguzi, aliachia mrusho mrefu kuelekea kona ya kulia. Upepo ukaishikilia diski juu kwa muda, kisha ukaiangusha ghafla. Kijana alikuwa tayari anapaa, mwili mzima umelala hewani.

Nilikuwa mstarini, hatua nne kutoka pale. Niliona ukingo wa diski ukigusa chini. Nyasi ziliinama. Baada ya hapo ndipo vidole vyake vilipoingia chini yake na kuiinua.

Nahodha wao, dada mmoja mtulivu, alikuja akitembea. Hakupaza sauti.

"Kaka, ilikuwa juu au chini?"

Kijana alinitazama mimi kwanza. Kisha akasema, "Juu, dada."

Aliyekuwa akimkaba alikuwa ameanguka nyuma yake, hakuwa na uhakika. Kanuni zinaruhusu wachezaji kumuuliza mtu wa pembeni aliyekaa mahali pazuri pa kuona. Nahodha akanigeukia.

"Kocha, wewe umeonaje?"

"Sikuona vizuri," nikasema.

Aliitikia kwa kichwa. "Sawa. Pointi ni yenu."

Hawakupinga. Wangepinga, diski ingerudi kwa mrushaji, pointi ingechezwa tena, na mimi ningepata bahati ya kusahau. Walituamini, tukashinda.

Mechi ikiisha, timu mbili hufanya duara moja, mmoja wetu, mmoja wao, mikono mabegani, na manahodha wanazungumza. Kisha kila timu inaipa nyingine alama za uungwana kwa mambo matano: kuzijua kanuni na kuzitumia, faulo na kugusana, haki, kujizuia na moyo mwema, na mawasiliano. Kila jambo lina alama kuanzia 0 hadi 4, na 2 ndiyo hali ya kawaida ya mechi njema. Karatasi yao niliisoma usiku, nyumbani. Mambo manne walitupa 2. Kwenye haki walitupa 0. Chini kuna nafasi ya maelezo, nao walikuwa wameandika maneno matatu: "Tulimuuliza kocha wao."

Asubuhi kijana akanipigia. "Kocha, wametuandikia nini?" Nikamwambia mambo ya kawaida.

Baada ya wiki tatu nilimpigia nahodha yule nikamwambia ukweli. Alinisikiliza, akanishukuru, akasema mechi imeshapita. Lakini habari zilikuwa zimetutangulia. Timu za mchezo huu ni chache, wachezaji wanajuana, wengine wanaishi nyumba moja.

Mechi iliyofuata, kila kijana alipodaka chini ya kiwango cha goti, mkabaji wake alisema neno moja: "Napinga." Wachezaji wakishindwa kukubaliana, diski inarudi kwa aliyeirusha. Kwa hiyo anayedaka vizuri lakini haaminiki, kwa hesabu za mchezo, hajadaka. Wenzake wamekimbia mita 40, wamechoka, wanarudi kuanza upya. Mara moja aliidaka safi kabisa, kiganja kizima juu ya nyasi. Ile niliiona na naweza kuiapia.

"Wallahi ilikuwa juu!" alipiga kelele.

"Inawezekana, kaka," mkabaji wake akajibu. "Turudishe tu."

Hakuna aliyemtukana. Afadhali wangemtukana. Binti wa uuguzi aliacha kutazama upande wake. Nilipomuuliza, aliniambia hana kinyongo, ila mrusho mrefu kwake ulikuwa kazi ya bure. Basi kijana akaanza kuja katikati ya uwanja, akapewa diski mkononi, na hapo ukaonekana upungufu mwingine niliouficha tangu siku ya kwanza. Mkabaji amemsimamia, hesabu inasomwa: nne, tano, sita. Mrusho wa nyuma umezibwa. Wa mbele hakuwa nao. Saba, nane. Anaachia kitu kinachotetemeka, kinaanguka miguuni mwa mpinzani. Watu walioanza miezi miwili baada yake, wasio na nusu ya mbio zake, walikuwa wakipasiana mita 20 kwa utulivu, kwa sababu walikuwa wamezirusha zile pasi mia. Nilimtazama akiwatazama. Nadhani hapo ndipo alipoondoka, ingawa mwili wake uliendelea kuja hadi Desemba.

Siku hizi Jumamosi ya kwanza ya wanaoanza haina mbio. Tunalala kifudifudi, wanafunzi wote, jicho usawa wa nyasi, na mmoja anaidondosha diski mbele yetu, mara nyingine inaguswa na mkono kwanza, mara nyingine na ardhi. Kila mmoja anasema alichoona, hata kama kinaiumiza timu yake. Wengine huona ni mchezo wa kitoto na hawarudi Jumamosi ya pili. Nawaacha waende. Wanaobaki wanajua kwamba nyasi huinama, na kwamba ukiziangalia huwezi kusema hukuona vizuri. Kisha tunasoma kanuni, ukurasa kwa ukurasa, na mimi nawaambia kuhusu mechi ile, jinsi nilivyoulizwa na jinsi nilivyojibu. Jina la kijana silitaji huko pia.

Mwezi uliopita nilimkuta kwa muuzaji wa mboga, ametumwa na mama yake. Amenenepa kidogo.

"Shikamoo, kocha."

"Marahaba, mwanangu. Bado unacheza?"

"Mpira tu. Kule kuna refa."

Tulichagua nyanya kwa muda bila kusema kitu. Kisha akaniuliza, bila kuniangalia, "Kocha, siku ile ya wageni. Wewe uliona?"

"Niliona."

Aliigeuza nyanya mkononi, akaitafuta sehemu iliyobonyea, akaiweka pembeni.

"Na mimi niliona," akasema, kisha akamlipa muuzaji na kusimama akisubiri chenji.