Ningepata Jiwe la Wakati

Jumamosi moja baada ya mazoezi ya mpira, vijana wa kikundi chetu walikuwa wanabishana juu ya filamu waliyoiona kwenye banda la video. Ni zile za Avengers, ambazo hapa Nyarugusu wengi wetu tumeziona, nyingine zimetafsiriwa, nyingine tunafuata picha tu. Ndani yake kuna jiwe moja la kijani linalong'aa kama fuwele, linaitwa Jiwe la Wakati. Doctor Strange analivaa shingoni. Mwenye nalo anaweza kurudisha saa nyuma: tunda lililoliwa linakuwa zima, mji uliobomoka unasimama tena.

Basi kijana mmoja akaniuliza, "Kaka, ungelipata wewe, ungerudisha saa mpaka lini?"

Sikufikiri hata dakika. Nikasema, mpaka usiku ule tuliokimbia kutoka Fizi. Nilikuwa na miaka 11. Baba alisema tutangulie ziwani, yeye anawafungulia mbuzi wasife zizini, atatukuta kwenye mtumbwi. Hatukumwona tena. Ningerudi pale, nimshike shati, nimwambie: baba, mbuzi waache.

Wengine nao wakataja siku zao. Mmoja alitaka kabla mgao wa chakula haujapunguzwa. Mwingine alitaja siku familia yao ilipokataliwa kwenye intavyu ya kwenda Marekani. Ndipo binti mmoja wa miaka 15, aliyezaliwa hapa hapa kambini, akauliza kwa sauti ndogo: "Na mimi je? Baba na mama walijuana hapa, kwenye foleni ya maji. Mkirudisha saa, mimi nakwenda wapi?"

Hakuna aliyecheka. Mimi ndiye mwezeshaji, nilipaswa kuwa na jibu, na sikuwa nalo. Nikafunga kikao mapema, nikasingizia mvua.

Swali lile lilinifuata mpaka nyumbani. Maana hata kwetu mama aliolewa tena hapa, na mdogo wangu wa miaka 8 ni mtoto wa hapa. Baba angefika kwenye mtumbwi usiku ule, huyu mdogo wangu asingekuwepo. Kumbe miaka yote niliyotamani ule usiku ufutwe, nilikuwa natamani na yeye afutwe, bila kujua.

Waliotunga filamu zile nao waliliona jambo hili. Katika Avengers: Endgame ya mwaka 2019, nusu ya viumbe vyote wamepotea kwa miaka mitano, na Tony Stark anaombwa asaidie kuwarudisha. Lakini ndani ya miaka hiyo yeye amepata binti. Anakubali kwa sharti: waliopotea warudi, ila miaka mitano isifutwe. Vijana wetu wengine walisema huo ni ubinafsi. Zamani nilisema hivyo pia. Siku hizi namwelewa.

Tena tusidhani jiwe lile lina huruma. Thanos alilitumia kumrudishia uhai Vision, ambaye alikuwa ameshakufa, kwa sekunde chache tu, ili amng'oe jiwe jingine kwenye paji la uso. Akafa mara ya pili. Sisi watu wa Kivu hatuhitaji kufundishwa kwamba jiwe la thamani linafuata mkono wa mwenye nguvu.

Lakini kuna mtego hapa. Mtu anaweza kusema: kama hutaki kufuta yaliyopita, basi vita vilikuwa na faida yake, shukuru. Nimesikia maneno ya namna hiyo hata kwa watu wema. Nayakataa. Kumpenda mtoto aliyezaliwa baada ya vita si kuwasamehe waliopiga risasi. Mtu akikuchomea nyumba, nawe ukapanda mchicha penye majivu ukastawi, mchicha ni wako. Aliyechoma hana hata jani moja.

Wazee wanasema yaliyopita si ndwele, tugange yajayo. Nawaheshimu, ila kwetu yaliyopita ni ndwele kabisa, na usiku yanauma.

Nilimuuliza mama akiwa anachambua maharage: angelipata jiwe lile, angefanyaje? Alicheka kwanza, halafu akanyamaza. Akasema, "Aliyetunga hilo swali hajazaa wala hajazika. Baba yako namlilia. Huyu namwogesha. Kila mmoja ana wakati wake, usinipimie kwenye mizani moja."

Nadhani mama ameishinda filamu. Jiwe linatulazimisha tuchague kati ya aliyekufa na aliyezaliwa. Moyo wa mtu haulazimiki hivyo. Huzuni yangu kwa baba haimdai mdogo wangu kitu chochote.

Ndugu zetu wa mashirika mnaosoma hapa, mnapotuuliza kama tunataka kurudi, mkumbuke kwamba kurudi nyumbani si kurudi nyuma. Siku tukirudi, tutarudi na watoto wa hapa, ambao huko kwetu watafika kama wageni.

Jumamosi iliyofuata nilikwenda na saa ya ukutani iliyoharibika, nikaifungua mbele ya vijana. Ndani kuna kikopo cha chuma kidogo kama punje ya mchele, na ndani ya kikopo kuna fuwele ya kweli, kwatsi, jina linaloandikwa usoni mwa saa nyingi. Ikiwa nzima hutetemeka mara 32,768 kila sekunde, na saa inahesabu. Hiyo inahesabu tu, hairudishi hata sekunde moja.

Halafu nikamwambia yule binti mbele ya wenzake: wiki iliyopita nilijibu haraka. Namtaka baba yangu, na wewe nataka uwepo.

Akasema, "Kaka, hivyo viwili haviwezekani pamoja."

Nikamwambia ni kweli, haviwezekani. Lakini vyote viwili ndivyo ninavyotaka, na sitamwomba yeyote kati yenu anipishe njia.